Joseph Dutton, Mganga Aliyezikwa Kasongo

Jina la Kasongo linajulikana sana kwa watu wa Maniema na wa Katanga. Huo ndio mji wa Waarabu na Waswahili wa siku za Tippu Tip, mji ulioangukia mikononi mwa askari wa Dola ya Kongo mwaka 1893, na tena ni mahali ambapo lugha ya Kiswahili ilitia mizizi na kuenea pande nyingi za mashariki ya Kongo. Lakini katika mji huohuo alifariki, tarehe 27 Februari 1905, daktari mmoja kijana wa Kiingereza, ambaye habari zake zapasa kujulikana na kila mtu aliyewahi kusikia wazee wakisimulia juu ya malale, ule ugonjwa wa usingizi uliomaliza vijiji vizima. Jina lake Joseph Everett Dutton.

Alizaliwa mwezi wa Septemba mwaka 1874 huko Higher Bebington, katika jimbo la Cheshire, upande wa magharibi wa Uingereza. Alisoma katika shule ya mji wa Chester, kisha akaingia chuo kikuu cha Liverpool kujifunza uganga, akapata nishani kwa werevu wake, na mwaka 1897 akafuzu. Angaliweza kukaa kwao, akafungua nyumba ya kutibia, akaishi kwa raha kama walivyofanya wenzake wengi.

Basi Liverpool ulikuwa mji wa bandari. Kila juma merikebu zilitia nanga zikitoka pwani ya magharibi ya Afrika, zikileta mafuta ya mawese na mpira, zikileta pia mabaharia na wafanya biashara waliokonda kwa homa zisizojulikana na waganga wa Ulaya. Kwa ajili hiyo mwaka 1898 kilianzishwa mjini humo Chuo cha Magonjwa ya Nchi za Joto. Desturi ya chuo hicho ilikuwa kutowangojea wagonjwa waje, bali kuwatuma waganga kwenda kuutafuta ugonjwa nyumbani kwake. Kazi hiyo ilikuwa na gharama yake. Mwaka 1901 mganga Walter Myers alikufa Brazil kwa homa ya manjano aliyokwenda kuichunguza. Watu wakatoa fedha kwa kumbukumbu yake, ili apatikane mganga mwingine wa kuendelea na kazi. Aliyechaguliwa ni Dutton, naye akakubali, akijua vema kilichompata yule aliyetangulia.

Kabla ya hapo, mwaka 1900, alikuwa amekwisha kufika Nigeria pamoja na wenzake wawili, akachunguza mbu na wale minyoo wembamba wanaovimbisha miguu ya watu. Mwaka 1901 akapelekwa peke yake Gambia, ili kutafuta njia ya kupunguza malaria. Huko ndiko alikopata kile kitu kilicholifanya jina lake lidumu.

Katika hospitali ya Bathurst, mji mkuu wa Gambia, alikuwapo nahodha wa stima ya serikali, mtu wa Ulaya, aliyekuwa na homa ya kuja na kwenda, na kwinini haikumfaa kitu. Daktari wa hapo, Forde, alipotazama damu yake kwa hadubini aliona vitu vidogo vikijinyonganyonga kama minyoo, asijue ni nini. Akamwonyesha Dutton. Mwezi wa Desemba 1901 Dutton akavitambua: vilikuwa vijidudu vya namna ile iliyokwisha kuonekana katika damu ya ng'ombe na farasi wanaokufa kwa nagana, ila kwa mwanadamu hakuna aliyepata kuvitambua kwa hakika. Akavipa jina la nchi ile, Gambia. Akapima damu ya wenyeji, na miongoni mwao akamwona mtoto mdogo mmoja mwenye vijidudu vilevile. Yule nahodha akafa Uingereza mwanzoni mwa 1903.

Hapa pana jambo la ajabu. Dutton alidhani ameona chanzo cha homa fulani tu. Mkononi mwake alikuwa na mwuaji wa maelfu, wala hakujua. Hakukuwa na mtu duniani aliyejua.

Malale hayakuwa ugonjwa mgeni katika Afrika ya magharibi. Mwaka 1803 mganga Mwingereza Winterbottom, aliyekuwa amekaa Sierra Leone, alikwisha kuandika kwamba wanunuzi wa watumwa walimpapasa mtu shingoni kabla ya kutoa bei, na wakikuta tezi zimevimba walimkataa. Lakini mwishoni mwa karne ya 19 ugonjwa ulianza kusafiri. Dola ya Kongo ya mfalme Leopold wa pili iliwatoa watu vijijini kwa maelfu, wengine wachukue mizigo, wengine wapige makasia, wengine wawe askari, wengine wakae siku nyingi msituni karibu na maji wakitafuta mpira. Stima zilipanda na kushuka mto. Watu waliokonda kwa njaa na kazi walilala mahali palipojaa mbung'o. Haifai kusema kwamba ugonjwa ulijileta wenyewe, njia ulitengenezewa.

Nao uliingia nyumbani polepole. Kwanza ni homa ndogo na kuumwa kichwa, na homa gani haiji ikaenda? Kisha miezi ikapita, hata miaka, na mtu akabadilika tabia. Mama aliyekuwa mpole akawa mkali bila sababu. Baba aliyekuwa na bidii akaacha jembe katikati ya tuta akakaa kivulini. Usiku hapati usingizi, mchana anasinzia juani. Anaanza kula, na tonge likiwa bado mdomoni macho yanafumba. Watu wa nyumbani walidhani ni uvivu, wakamgombeza. Halafu wakadhani ni wazimu. Mwishowe waliona mikono inatetemeka na miguu haichukui mwili, ndipo walipojua. Akiisha kufika hapo hakupona hata mmoja. Na mara nyingi hakuwa peke yake katika mji ule. Mwanamke aliyeteka maji mtoni na mwanawe aliyemfuata waliumwa na mbung'o walewale, na mume aliyevua samaki pale pale aliumwa vilevile. Mashamba yakarudi kuwa pori, kwa kuwa wa kulima walikuwa wamelala.

Lakini kulikuwa na dhara nyingine isiyohesabiwa pamoja na wafu. Ugonjwa usiojulikana asili yake hutafutiwa mwenye kosa, na mwenye kosa hutafutwa karibu: mke mwenza, mjomba, bibi kizee asiye na mtoto wa kumtetea. Ndugu walioishi pamoja tangu utoto waliagana kwa chuki juu ya kaburi. Wataalamu wa Ulaya nao, pamoja na elimu yao, walikuwa wakipapasa gizani. Wengine walisema ni muhogo mbichi, wengine ni minyoo ya damu, na waganga Wareno mwaka 1901 walisema ni bakteria.

Kwao Dutton pia palikuwa na kumbukumbu ya jambo kama hilo. Katika karne ya 15 na ya 16 Uingereza ilipigwa mara tano na ugonjwa ulioitwa jasho, wa kwanza mwaka 1485 na wa mwisho mwaka 1551. Mtu mzima wa afya alishikwa asubuhi na kutetemeka, akatokwa na jasho jingi, na pengine kabla ya jua kuchwa alikuwa maiti. Mwezi wa Julai 1551 Henry na Charles Brandon, ndugu wawili vijana wa ukoo mkubwa wa Suffolk, walikufa siku moja, mmoja akimfuata mwenzake kwa muda mfupi sana, na mama yao hakubakiwa na mtoto. Kisha ugonjwa ule ukatoweka, na mpaka leo hakuna ajuaye kwa hakika ulikuwa nini. Ulikuja, ukachukua watoto wa watu, ukaondoka na siri yake.

Siri ya malale ilifunuliwa Uganda. Mwanzoni mwa 1901 waganga wa hospitali ya Mengo, Albert Cook na ndugu yake, walikwisha kuwaona wagonjwa wa kwanza, nao wakazidi upesi. Pwani ya Busoga na visiwa vya ziwa vilikuwa na watu wengi na mbung'o wengi, na katika miaka michache yakadiriwa walikufa zaidi ya watu 200,000. Mwitalia kijana Aldo Castellani, aliyetumwa huko mwaka 1902, alitazama maji ya uti wa mgongo wa wagonjwa akaona humo vijidudu vile vile vya Dutton. Mwaka 1903 David Bruce akathibitisha kwamba vyachukuliwa na mbung'o. Hapo ndipo Dutton alipofahamu alichokiona kule Bathurst, na ndipo mtoto yule mdogo wa Gambia alipoeleweka alikuwa na nini.

Mwaka huohuo mfalme Leopold aliomba chuo cha Liverpool kimtumie waganga. Hofu yake ilikuwa ya mtu anayeona wafanya kazi wake wanapungua, na ni vigumu kumsifu kwa hilo. Hata hivyo waganga walikuja. Mwezi wa Septemba 1903 walifika Boma: Dutton, John Lancelot Todd, Mkanada, aliyekuwa amefanya kazi naye Gambia, na Cuthbert Christy, aliyekwisha kuuona ugonjwa Uganda. Wakaenda Leopoldville, ambayo sasa ni Kinshasa, wakatayarisha mahali pa kupimia na pa kulaza wagonjwa.

Kazi yao ilikuwa ya kuchosha wala haikuwa na sifa ya mara moja. Mgonjwa alichomwa kidole, tone la damu likawekwa juu ya kioo, na mganga akainama juu ya hadubini saa nzima, pengine asione kitu. Kesho tena, kesho kutwa tena. Maana vijidudu hivi huonekana leo na kujificha wiki nzima. Mgonjwa alipokufa walimpasua ili waone ndani. Wakagundua kwamba kupapasa shingo, kama walivyofanya wale wanunuzi wa watumwa, kulifaa kwa kazi njema: wakitoa maji katika tezi iliyovimba kwa sindano nyembamba, waliona vijidudu mapema kuliko katika damu, wakati mtu bado anatembea na kulima, na jirani zake hawajashuku neno. Jambo hilo lilionyesha kwamba wagonjwa walikuwa wengi kuliko wote walivyodhani.

Christy alirudi kwao mwaka 1904. Wale wawili wakapanda mto, kituo kwa kituo, wakiuliza wazee ugonjwa ulifika lini na ulitoka upande gani, wakipapasa shingo za watu, wakiandika. Wakafika Stanleyville, ndiyo Kisangani ya leo.

Huko walikutana na ugonjwa mwingine. Katika njia za mashariki wasafiri walikuwa wakipatwa na homa kali ya siku chache, ikatulia, mtu akadhani amepona, kisha baada ya kama juma moja ikarudi, na tena ikarudi. Wenyeji hawakuwa na shaka juu ya asili yake. Walisema ni papasi, kupe yule wa rangi ya udongo akaaye katika nyufa za kuta na vumbi la sakafu, ambaye pande nyingi za Kongo huitwa kimputu. Hutoka usiku akanyonya damu ya aliyelala, akarudi ufani kabla ya mapambazuko. Livingstone alikuwa ameandika habari za papasi huyo tangu mwaka 1857, lakini watu wa Ulaya wengi waliyaona maneno ya wenyeji kuwa hadithi. Dutton na Todd hawakuyadharau. Waliwakusanya papasi, wakawaacha wawaume kima. Kima wakashikwa na homa, na katika damu yao vikaonekana vijidudu vyembamba vilivyojisokota kama uzi wa parafujo. Wakaona pia neno la kutisha zaidi: papasi mwenye ugonjwa hutaga mayai, na watoto wanaoanguliwa wanao ugonjwa tayari, hata kama hawajapata kumuuma mtu mgonjwa. Wakati uleule waganga Ross na Milne waliokuwa Uganda waliona jambo hilo la papasi kwa njia yao wenyewe, wakatangulia kulitangaza.

Ukweli huo waganga wawili waliujua pia kwa miili yao. Wote wawili walishikwa na homa ile. Todd akapona. Dutton akapata nafuu, akafanya kazi, ikamrudia, akapata nafuu tena. Haikuwa desturi yake kuacha kazi, na safari ikaendelea kupanda Lualaba kuelekea kusini, mpaka Kasongo. Mwanzoni mwa mwaka 1905 walikuwa hapo. Mbali na bahari, mbali na hospitali yoyote ya kutosha, na dawa ya homa ile ikiwa bado haijapatikana, Todd alimwuguza mwenzake asiweze kufanya lililo kubwa. Mwezi wa Februari ulipokaribia kuisha, Dutton akafa.

Walipomzika walikuja watu zaidi ya 1,000, wenyeji wa Kasongo na wa vijiji vya karibu, na wengine wao walikuwa wametibiwa kwa mikono yake. Hakuwa amekaa nao muda mrefu. Hakuwa na amri juu yao, wala hakudai mpira wala mzigo. Huenda hilo lilitosha kuwafanya waje. Mwezi wa Juni mwaka uleule Tippu Tip naye alifariki Unguja.

Kijidudu cha homa ya papasi kilipewa jina la Dutton mwaka 1906, na ndivyo kinavyoitwa na waganga hata sasa. Katika chuo kikuu cha Liverpool kiliwekwa kiti cha ualimu wa elimu ya wadudu kwa kumbukumbu yake.

Todd aliimaliza safari peke yake, akarudi Ulaya mwaka 1905 na daftari zao wawili. Kutokana na kazi ile ikatoka shauri kwa serikali: watu wenye tezi wasiruhusiwe kupita kutoka nchi yenye malale kwenda nchi iliyo safi, na wagonjwa watengwe. Kwa shauri hilo yakajengwa malazareti. Nia ilikuwa kulinda walio wazima, na pengine ililinda. Lakini kwa watu wa nyumbani ilikuwa msiba juu ya msiba. Zamani ugonjwa ulimtwaa mtu akiwa katikati ya watu wake. Sasa askari alimpapasa shingo, akamtoa mlangoni mwake akiwa bado anatembea kwa miguu yake, na wengi hawakurudi. Ndiyo sababu watu walikimbilia porini wakisikia mganga anakuja, na wazazi wakawaficha watoto wenye tezi. Elimu iliyowaondolea bibi vizee lawama ya uchawi iliwatenga watu na nyumba zao kwa njia nyingine. Dutton hakuliona hilo, wala haiwezekani kusema angalilionaje.

Katanga nako ugonjwa ulikuwa ukiingia kwa njia ya Lualaba, ya Luapula na ya ziwa Tanganyika. Elisabethville ilipoanzishwa mwaka 1910, mwaka huohuo daktari Rodhain na wenzake walianza kuchunguza mbung'o na malale katika nchi ya Bukama na Sankisia, wakaendelea hadi 1912. Njia walizotumia zilikuwa zile za Leopoldville: kidole, kioo, hadubini, na mkono shingoni.

Dawa ilichelewa. Mwaka wa kifo cha Dutton, katika chuo chake mwenyewe cha Liverpool, Wolferstan Thomas alionyesha kwamba dawa iitwayo atoksili huua vijidudu vile, ila ilipotumiwa sana baadhi ya wagonjwa walipofuka. Nyingine bora ilijaribiwa Leopoldville mwaka 1920 na 1921 na daktari mwanamke Mmarekani, Louise Pearce. Kwa vizazi vitatu dawa zote za ugonjwa uliokwisha kufika kichwani zilikuwa za sindano, na nyingine ziliuma na kuua. Mwaka 2018 vikakubaliwa vidonge viitwavyo feksinidazole, vilivyojaribiwa hasa katika Kongo yenyewe. Mwaka huohuo wagonjwa wapya walioandikwa katika Afrika nzima hawakufika 1,000, ambapo mwaka 1998 walikuwa karibu 40,000. Vidonge hivyo humezwa kila siku kwa siku 10, baada ya kula, na wagonjwa wengi huweza kuvimezea nyumbani, mtu wa nyumba yao akiwa karibu kuangalia kwamba wamekula kwanza.